Namna ya kufuatilia historia na idadi ya watu ya raioni ya Kisovieti iliyofutwa

Raioni ilikuwa wilaya ya Kisovieti: ina kamati yake ya chama, kamati yake ya utendaji, na mji mdogo au kijiji kikubwa kama makao makuu. Juu yake kulikuwa na oblasti (mkoa), chini yake mabaraza ya vijiji. Nyingi zimefutwa, kumegwa au kuunganishwa, na anayetaka kuandika habari zake hukutana na tarakimu zisizoelewana hata kidogo. Karibu kila mara chanzo ni kimoja: tarakimu mbili zimelinganishwa kabla ya mipaka miwili kulinganishwa. Kwa hiyo kazi huanza na mpaka. Idadi ya watu huja baadaye.

Tutatumia mfano mmoja, raioni ya Chernobyl katika oblasti ya Kyiv, Ukraine, iliyoundwa 1923 na kufutwa 1988. Hatukuichagua kwa sababu ya kinu cha nyuklia tu. Ina karibu kila mtego ambao mtafiti atakutana nao katika raioni nyingine yoyote.

Andika kwanza maisha ya raioni yenyewe

Fungua jedwali lenye safu tano: tarehe, jina, makao makuu, ngazi ya juu yake, na kilichobadilika. Usiingize idadi yoyote ya watu humo kwa sasa. Jaza kutoka zamani kuja sasa.

Kabla ya Wasovieti, ngazi zilikuwa guberniya (mkoa), uyezdi (wilaya) na volosti (kata). Chernobyl ilikuwa katika uyezdi ya Radomysl, guberniya ya Kyiv. Andika hivyo, wala usiandike kwamba "raioni ya Chernobyl ilikuwa na watu kadhaa mwaka 1897", maana mwaka huo raioni haikuwapo. Nchini Ukraine uyezdi na volosti zilifutwa Machi 1923, mahali pake zikaja okruha, ngazi iliyokuwa juu ya raioni, na raioni zenyewe. Guberniya nazo ziliondolewa 1925. Kwa Urusi mabadiliko kama hayo yalienda polepole zaidi, eneo baada ya eneo, hadi 1929. Mtu anayeshughulikia raioni ya Siberia asichukue tarehe za Ukraine.

Mwaka 1930 okruha zilifutwa. Hapa pana pengo ambalo wengi hulisahau: oblasti ya Kyiv iliundwa Februari 1932, kwa hiyo kwa muda wa mwaka mmoja na nusu hivi raioni za Ukraine ziliripoti moja kwa moja kwa jamhuri, na mji mkuu wa jamhuri wakati huo ulikuwa Kharkiv. Ukitafuta ripoti za mwaka 1931 kwenye majalada ya oblasti utarudi mikono mitupu, kwa sababu oblasti haikuwapo.

Kituo kinachofuata ni Desemba 1962. Chini ya Khrushchev, kiongozi wa Kisovieti wa wakati huo, raioni za vijijini ziliunganishwa kuwa kubwa, kisha baada ya yeye kuondolewa Oktoba 1964 nyingi zikarudishwa, hasa mwanzoni mwa 1965. Zilizorudishwa hazikurudi lazima na mipaka ileile. Kijiji kingeweza kutoka raioni moja 1962 na kurudi katika nyingine 1965, na hakuna anayekutangazia hilo ndani ya jedwali la sensa. Kwa raioni yoyote unayoifuatilia, angalia amri za miaka hii mitatu moja baada ya nyingine, hata kama jina halikubadilika.

Mwisho andika mwisho wa raioni na kilichofuata. Chernobyl iliunganishwa na raioni ya Ivankiv 1988. Ivankiv nayo ilifutwa Julai 2020, Ukraine ilipopunguza raioni zake kutoka 490 hadi 136, na eneo lake likaingia Vyshhorod. Nchi nyingine zina tarehe zao: Armenia ilifuta raioni 37 mwaka 1995, Latvia ikafuta wilaya 26 mwaka 2009, Moldova ikaziacha kwa miaka michache kisha ikazirudisha 2003. Azerbaijan bado inazo.

Majina: tafuta kwa alfabeti zote

Jina moja huandikwa kwa namna mbili au tatu. Kwa Kirusi ni Чернобыль, kwa Kiukraine Чорнобиль. Raioni ni Чернобыльский район au Чорнобильський район. Ukitafuta kwa herufi za Kilatini peke yake utapata habari za ajali ya 1986 na karibu si kitu kingine. Nyaraka za miaka ya 1920 za Ukraine ziko kwa Kiukraine zaidi, na kuanzia miaka ya 1930 Kirusi huongezeka. Jifunze pia vifupisho vinavyojaa kwenye orodha: р-н ni raioni, обл. ni oblasti, с. ni kijiji, с/с au с/р ni baraza la kijiji, х. ni kitongoji cha mashamba, пгт (kwa Kiukraine смт) ni makazi ya aina ya mji.

Majina ya viongozi ni tatizo la peke yake. Jirani wa Chernobyl, raioni ya Poliske, ni mfano mzuri: makao yake makuu yaliitwa Khabne, yakawa Kaganovychi 1934, na 1957, Kaganovich, mshirika wa Stalin, alipoanguka, yakawa Poliske. Mtu akitafuta "Poliske" katika sensa ya 1939 hataiona. Kwa jumla, jina la Kaganovich au la Molotov, mshirika mwingine wa Stalin, likitoweka, tazama 1957. La Stalin, tazama 1961. Na kwa kuwa majina hayo yaligawiwa kama peremende, raioni mbili au tatu zenye jina moja zilikuwapo katika jamhuri moja. Usichukue tarakimu kabla ya kuthibitisha oblasti na angalau vijiji viwili vya ndani.

Sensa zipi zipo, na kila moja ina kasoro gani

Hizi ndizo tarehe, na siku yenyewe ina maana kwa sababu utaihitaji kwenye hesabu:

- 28 Januari 1897 kwa kalenda ya zamani, yaani 9 Februari
- 17 Desemba 1926
- 6 Januari 1937
- 17 Januari 1939
- 15 Januari 1959
- 15 Januari 1970
- 17 Januari 1979
- 12 Januari 1989

Kulikuwa pia na sensa ya 1920, lakini vita vya wenyewe kwa wenyewe vilikuwa havijaisha na maeneo mengi hayakufikiwa. Itumie kama kidokezo tu.

Sensa ya 1897 ilichapishwa kwa uyezdi, na kuna orodha ya makazi yenye wakazi 500 au zaidi. Haikuuliza kabila, iliuliza lugha ya mama na dini. Mwandishi anayesema "Waukraine walikuwa asilimia fulani mwaka 1897" ametafsiri lugha kuwa kabila, na tafsiri hiyo ni yake, si ya sensa. Kwa Wayahudi tofauti ya lugha na dini kwa kawaida ni ndogo, lakini bado sema umetumia ipi. Mji wa Chernobyl mwishoni mwa karne hiyo ulikuwa na watu wapatao 10,800, na 7,200 kati yao walikuwa Wayahudi. Tarakimu hiyo ni ya mji, si ya eneo lote, na hapo ndipo wengi huteleza.

Sensa ya 1926 ndiyo bora kuliko zote za kabla ya Vita Kuu ya Pili. Ina raioni, ina makabila, na mipaka yake inaeleweka.

Ya 1937 ina historia ya kusikitisha. Stalin alikuwa ametangaza mapema 1934 kwamba nchi ina watu milioni 168, lakini sensa ikatoa milioni 162. Matokeo yakafutwa Septemba 1937, na Olimpiy Kvitkin, mkuu wa ofisi ya sensa, akakamatwa na kuuawa kwa risasi mwaka huohuo. Takwimu zilizobaki ni za ngazi za juu zaidi, kwa hiyo kwa raioni hutapata mengi.

Sensa ya 1939 itumie kwa tahadhari. Ilitoa milioni 170.6 kwa nchi nzima, jumla iliyoongezwa chumvi. Zaidi ya hapo, wanajeshi na wafungwa waligawanywa kwenye orodha za mikoa mbalimbali ili ukubwa wa kambi za wafungwa usionekane. Tazama Ukraine: milioni 29.0 mwaka 1926, milioni 28.4 mwaka 1937, kisha milioni 30.9 mwaka 1939, ndani ya mipaka ileile. Ongezeko la asilimia 9 kwa miaka miwili halitokani na uzazi. Sehemu ya pengo ni wanajeshi na wafungwa waliohesabiwa kando 1937, sehemu ni nyongeza. Ukiweka tarakimu ya 1939 ya raioni, weka alama pembeni yake na ueleze.

Kuanzia 1959 mambo hutulia. Baada ya 1991 kila nchi ilienda njia yake: Urusi 2002, 2010 na 2021, Belarus 1999, 2009 na 2019, Kazakhstan 1999, 2009 na 2021. Ukraine ilifanya moja tu, 5 Desemba 2001, na tarakimu za baadaye ni makadirio yaliyojengwa juu ya sensa hiyo. Usiyaite sensa.

Waliokuwapo au wanaoishi hapo?

Sensa za Kisovieti zilihesabu watu kwa njia mbili. Ya kwanza ni watu waliokuwapo mahali hapo usiku wa sensa (наличное население). Ya pili ni wakazi wa kudumu (постоянное население), hata kama usiku huo walikuwa safarini. Kwa Ukraine mwaka 1989 tofauti ilikuwa milioni 51.7 kwa milioni 51.45. Mwaka 2001 ilikuwa milioni 48.46 kwa milioni 48.24.

Kwa nchi nzima tofauti hiyo ni nusu asilimia hivi. Kwa raioni moja inaweza kuwa kubwa zaidi, hasa penye eneo la ujenzi, kambi ya jeshi, sanatoria au shule ya bweni. Fikiria raioni ya Chernobyl Januari 1970, majuma machache kabla ya ujenzi wa Pripyat, mji wa wafanyakazi wa kinu, kuanza, halafu Januari 1979, wajenzi wakiwa tele. Chagua aina moja na uifuate hadi mwisho. Jedwali likikosa kusema ni ipi, soma maelezo ya mwanzo wa kitabu, si kichwa cha jedwali.

Mtego wa mji ulio ndani ya raioni lakini si wa raioni

Hapa pana kosa kubwa kuliko yote, na hata watu makini hulifanya.

Mji wa Kisovieti ungeweza kuwa chini ya raioni au chini ya oblasti moja kwa moja. Mji wa Chernobyl ulikuwa chini ya raioni, kwa hiyo watu wake, wapatao 14,000 kabla ya ajali, wamo ndani ya jumla ya raioni. Pripyat, iliyoanzishwa 4 Februari 1970 kwa ajili ya wafanyakazi wa kinu, ilikuwa chini ya oblasti. Iko katikati ya eneo la raioni kwenye ramani, lakini watu wake, karibu 49,000 ifikapo 1986, hawamo kwenye jumla ya raioni. Anayetazama ramani ataongeza, anayetazama jedwali hataongeza, na majibu yao yatapishana kwa makumi ya maelfu.

Mtego huu una sura ya pili. Mji ukipandishwa hadhi kati ya sensa mbili, raioni inaonekana kupoteza watu ghafla ilhali hakuna aliyehama. Ukiona raioni imepungua kwa thuluthi moja ndani ya miaka kumi na hakuna vita wala janga, angalia kwanza hadhi ya makao makuu. Vilevile kijiji kikigeuzwa kuwa makazi ya aina ya mji, idadi ya vijijini hushuka na ya mijini hupanda siku moja. Chernobyl yenyewe ilipewa hadhi kamili ya mji 1941 tu, kwa hiyo usiitafute katika orodha ya miji ya 1939.

Suluhisho ni kuandika tarakimu mbili kila mara: raioni bila mji wa oblasti, na eneo lote pamoja nao.

Kujenga upya mpaka mmoja

Chagua mpaka wa msingi. Ushauri wetu ni mpaka wa 1970 au 1979, kwa sababu vitabu vya mgawanyo wa kiutawala vya miaka hiyo vimekamilika na vina orodha ya kila baraza la kijiji. Kisha:

Andika kila baraza la kijiji la mpaka huo na vijiji vyake vyote. Kwa raioni ya kawaida ni siku mbili tatu za kazi.

Kwa kila sensa nyingine, tafuta kila baraza lilikuwa wapi siku hiyo. Jumlisha mabaraza yaliyo ndani ya mpaka wako, hata kama sensa imeyaweka kwenye raioni nyingine. Hivi ndivyo unavyopata "Chernobyl ya 1989": jedwali la 1989 halina raioni hiyo kabisa, kwa hiyo unayachambua mabaraza ndani ya Ivankiv. Mengi hayana mtu. Utakutana pia na vijiji vinavyodhaniwa kuwa vitupu ilhali vilikuwa na wazee waliorudi wenyewe bila ruhusa, wanaoitwa samosely. Takwimu rasmi haziwaoni vizuri.

Baraza likigawanyika kati ya raioni mbili, shuka hadi kijiji. Ukikosa idadi ya kijiji, gawa kwa uwiano wa sensa iliyo karibu zaidi na uandike kwamba umekadiria. Usigawe kwa ukubwa wa ardhi. Eneo la Polissia, ambamo Chernobyl imo, lina misitu na mabwawa mengi, na hekta elfu za kinamasi hazina mkazi hata mmoja.

Kagua jumla yako kwa njia nyingine: chukua oblasti nzima, ondoa raioni nyingine zote na miji ya oblasti. Tofauti ikizidi asilimia 1, kuna baraza umelisahau au umelihesabu mara mbili.

Hesabu ya ukuaji

Gawa idadi ya pili kwa ya kwanza, kisha pandisha jibu kwa kipeo cha moja kugawa kwa idadi ya miaka, ondoa moja. Kwa Umoja wa Kisovieti kati ya 1959 na 1970: milioni 241.7 kugawa kwa milioni 208.8 ni 1.1575. Miaka ni 11 kamili. Jibu ni asilimia 1.34 kwa mwaka. Ukigawa asilimia 15.75 kwa 11 tu, utapata 1.43, nawe utakuwa umezidisha.

Kati ya 1926 na 1939 usitumie miaka 13. Ni miaka 12 na mwezi mmoja.

Kisha tenganisha uzazi na uhamaji. Badiliko lote, ukiondoa waliozaliwa kutoa waliokufa, linakupa uhamaji halisi. Bila vitabu vya uzazi na vifo huwezi kusema watu "walihama". Unaweza kusema tu walipungua.

Mapengo na yaliyoyasababisha

Kati ya 1926 na 1959 raioni ya Chernobyl ilipitia ujamaa wa mashamba wa lazima, njaa kuu ya 1932 na 1933, kuhamishwa kwa Wapolandi kwenda Kazakhstan 1936, na uvamizi wa Wajerumani kuanzia Agosti 1941 hadi Novemba 1943, ambapo Wayahudi waliobaki waliuawa. Sensa mbili za ncha haziwezi kukuambia kila tukio lilichukua wangapi. Usigawe upungufu wote kwa tukio moja kwa sababu ndilo maarufu.

Ajali ya 26 Aprili 1986 ni rahisi zaidi kufuatilia. Pripyat ilihamishwa 27 Aprili, vijiji vya eneo la kilomita 30 mwanzoni mwa Mei. Jumla ya waliohamishwa mwaka huo, pamoja na upande wa Belarus, ni takriban 116,000. Wanavijiji wengi walijengewa nyumba katika raioni nyingine za oblasti, zikiwemo Makariv na Borodianka; wafanyakazi wa kinu walipewa mji mpya wa Slavutych, ulio ndani ya ardhi ya oblasti ya Chernihiv ingawa ulisimamiwa na oblasti ya Kyiv. Kwa hiyo ongezeko la 1989 katika raioni hizo lisomeke pamoja na upungufu wa Chernobyl.

Kuomba nyaraka

Nyaraka za kamati ya utendaji ya raioni ziko katika hifadhi ya oblasti. Za kamati ya chama zilikuwa katika hifadhi tofauti za chama, kwa hiyo omba kando. Takwimu kuu za Kisovieti ziko Moscow katika hifadhi ya taifa ya uchumi, fondi 1562. Marejeo huandikwa kwa ngazi nne: fondi (mkusanyo wa nyaraka), opisi (orodha ya majalada yake), jalada, karatasi. Ukikosa moja, hakuna atakayelipata jalada hilo tena.

Vitabu vya vizazi na vifo hukaa ofisi ya usajili kwa miaka 75 nchini Ukraine na 100 nchini Urusi kabla ya kuhamia hifadhi. Vitabu vya kaya vya mabaraza ya vijiji, vilivyoanza miaka ya 1930, huorodhesha familia nyumba kwa nyumba na huonyesha nani aliondoka lini. Vingi viliungua wakati wa vita.

Barua ya maombi itaje kijiji kwa tahajia zote mbili, baraza lake, raioni na oblasti za mwaka unaoulizia, na kipindi kisichozidi miaka mitano. Maombi ya "historia yote ya raioni" hujibiwa kwa kuelekezwa kwenye chumba cha kusomea.

Ukifika kuandika, kila tarakimu ibebe vitu vitatu: siku, mpaka na aina ya idadi. Kwa mfano: "wakazi wa kudumu, 17 Januari 1979, mpaka wa 1979, bila Pripyat". Sentensi huwa ndefu kidogo, lakini atakayekuja baada yako hatalazimika kuanza upya.